Haki ya Mwombaji na Kasoro za Karatasi katika Ajira ya Umma Nchini Kenya

Utangulizi

Wahenga walinena kwamba usipoziba ufa utajenga ukuta. Katika maombi ya kazi za umma, ufa huo huwa mdogo mno: herufi iliyozidi katika jina, nakala ya cheti iliyosahaulika au sahihi iliyokosekana. Matokeo yake, hata hivyo, huwa ni mtu kukosa kazi aliyohitimu kuifanya. Makala haya yanafafanua uhusiano baina ya kasoro za aina hiyo na haki katika uajiri. Hoja kuu ni kwamba haki hutegemea jinsi kasoro zinavyoainishwa na jinsi fursa ya kuzisahihisha inavyogawanywa.

Msingi wa Kisheria

Kifungu cha 232 cha Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 kinataja ushindani wa haki na ustahiki kuwa misingi ya kuteua watumishi wa umma. Aidha, kinasisitiza nafasi sawa kwa wanaume na wanawake, watu wa makabila yote na watu wenye ulemavu. Kifungu cha 47 nacho kinampa kila mtu haki ya kutendewa na vyombo vya utawala kwa njia halali na inayofuata utaratibu wa haki. Kwa mujibu wa vifungu hivi, kuondolewa kwa mwombaji katika ushindani ni uamuzi unaopaswa kuwa na sababu inayoelezeka.

Aina za Kasoro

Kasoro ya kwanza ni ya sifa. Mwombaji hana shahada inayotakiwa, au cheti chake ni ghushi. Uzito wa jambo hili ulidhihirika mnamo Februari 2024, Tume ya Utumishi wa Umma ilipotangaza kwamba zaidi ya vyeti 2,000 vya watumishi vilikuwa ghushi. Kasoro hii haistahili kuvumiliwa.

Kasoro ya pili ni ya karatasi. Hapa sifa zipo, ila ushahidi wake haukuwasilishwa ipasavyo. Mfano ulio karibu na taaluma ya Kiswahili ni tahajia ya majina. Usanifishaji ulioendeshwa kuanzia miaka ya 1930 ulisawazisha maandishi ya maneno ya kawaida, lakini majina ya watu hayakufungwa na kanuni hizo. Katika Pwani, mtu mmoja huweza kuandikwa Athumani katika cheti cha kuzaliwa, Athman katika cheti cha KCSE na Othman katika kitambulisho. Anayesikia husikia jina moja. Anayekagua karatasi husoma watu watatu. Tofauti hiyo hutatuliwa kwa hati ya kiapo, au kwa kubadilisha jina kisheria na kulitangaza katika Gazeti Rasmi la Serikali. Njia zote mbili huhitaji ada, nauli na muda, ilhali tangazo la kazi huenda likatoa siku chache tu. Hivyo basi, kosa la karani wa miaka 20 iliyopita hugeuka kuwa mzigo wa mwombaji, na huwa mzito zaidi kwa anayeishi mbali na ofisi husika.

Sheria imekwisha kuanza kuupunguza mzigo wa aina hii. Marekebisho ya Sheria ya Ajira ya mwaka 2022 yalielekeza kwamba mwajiri asidai vyeti vya uidhinishaji mpaka atakapokusudia kumpa mwombaji mkataba.

Fursa ya Kusahihisha

Ukali wa masharti una hoja yake. Tarehe ya mwisho ikilegezwa kwa mmoja, anayedhulumiwa ni yule aliyetimiza masharti kwa wakati. Isitoshe, msamaha usioandikwa popote ndio kichochoro cha upendeleo: mwenye jamaa ofisini hupigiwa simu alete karatasi aliyoisahau, naye asiye na jamaa husubiri jibu lisilokuja. Kosa lao ni moja. Kilichotofautiana ni ujamaa.

Kwa hiyo, tangazo la kazi lafaa kubainisha tangu mwanzo ni kasoro zipi zinazomwondoa mwombaji na zipi zinazoweza kurekebishwa. Waombaji wote wenye kasoro za kurekebishwa wapewe idadi sawa ya siku, na anayekataliwa aelezwe sababu kwa maandishi. Mwombaji naye ana wajibu wake: aoanishe majina katika cheti cha kuzaliwa, vyeti vya masomo na kitambulisho mapema, kabla nafasi haijatangazwa.

Hitimisho

Imebainika kwamba karatasi ni shahidi wa sifa, na shahidi huweza kukosea. Jopo linalomkataa mwombaji kwa herufi moja bila kumsikiliza huenda likaukosesha umma mtumishi bora. Linalomsamehe mmoja kwa siri huwadhulumu wengine wote. Kanuni iliyoandikwa, ikatangazwa na kutumiwa kwa wote, ndiyo inayomlinda mwombaji asiye na wa kumsemea.