Kutia Michezo Katika Mashini ya Mkononi

Tangu muhula huu uanze wenzangu wengi wameniuliza jinsi ya kutia michezo katika ile mashini ndogo ya mkononi iitwayo PlayStation Portable, au kwa kifupi PSP. Wengine wanazo nyumbani, wamepewa na kaka zao au wajomba zao, nazo zimelala kabatini kwa sababu visahani vyake havipatikani tena madukani. Mhariri wa gazeti letu ameniomba nieleze mambo hayo mahali pamoja, ili nisiyarudie kila jioni bwenini. Nimekubali, lakini nitaeleza pia kosa nililofanya likizo ya Desemba, maana nisipolitaja maelezo yangu yatakuwa nusu.

Mashini hii iliundwa na kampuni ya Sony, ikaanza kuuzwa Japani tarehe 12 Desemba, 2004. Ziliuzwa zaidi ya milioni 70 katika dunia nzima kabla haijaachwa kutengenezwa. Kioo chake kina nukta 480 kwa upana na 272 kwa kimo. Michezo ya dukani ilikuja katika visahani vidogo vilivyofungwa ndani ya plastiki, kimoja kikiweza kuchukua hadi gigabaiti 1.8. Zaidi ya hapo pana tundu dogo ubavuni la kutilia kadi ya kumbukumbu. Kadi hiyo ndiyo habari yetu leo.

Yangu nilipewa na mjomba wangu, ambaye alikuwa baharia miaka mingi. Aliinunua imekwisha tumika katika bandari ya Yokohama, ni ile ya namba 3000. Aliponikabidhi pale kwetu Tanga alisema, "Chukua mwanangu, uchezee. Lakini picha zangu za safari zimo katika kadi hiyo, usiziguse." Nikaitikia, "Ndiyo, mjomba," kama mtu aitikiavyo jambo asilolifikiria sana.

Sasa, ukichukua mchezo wowote ulioundwa na mtu binafsi ukautia katika PSP ya kawaida, mashini itaukataa. Sababu yake ni hii. Ndani ya mashini mna programu ya msingi iliyotiwa kiwandani, nayo kazi yake mojawapo ni kama ile ya karani wa forodha: kila programu inayotaka kuingia huangaliwa kama ina muhuri wa kampuni. Muhuri huo si wa wino bali ni wa hesabu, na hauwezi kughushiwa na asiyekuwa na ufunguo wake. Isiyo na muhuri hairuhusiwi kupita.

Lakini karani huyo alianza kazi akiwa mzembe. Mashini za kwanza kabisa, zenye programu ya msingi namba 1.00, hazikukagua muhuri wa vitu vilivyomo katika kadi. Sony walipotoa namba 1.50 wakaziba mwanya huo, kumbe wameacha mwingine: mwaka 2005 watu waligundua kwamba ukiweka folda mbili zenye jina moja, ya pili ikiongezwa alama ya asilimia mwishoni, mashini hukagua moja na kuendesha nyingine. Mwaka 2007 ikaja hila ya betri. Mafundi wa kiwandani walikuwa na betri ya pekee ambayo ikitiwa huiamuru mashini isome kadi kwanza kabla ya kitu chochote, nayo watu wakajifunza kugeuza betri za kawaida ziwe kama hiyo. Mwisho, mwanzoni mwa mwaka 2011, funguo zenyewe za muhuri zikajulikana, na tangu hapo hata mtu wa kawaida aliweza kuipigia muhuri programu yake.

Mashini iliyobadilishwa, basi, ni ile ambayo programu yake ya msingi imerekebishwa ili karani aache kukataa. Kubadilisha kwenyewe kuko kwa namna mbili. Namna ya kwanza ni ya kudumu, huandika ndani ya kumbukumbu ya mashini, na hapo ndipo penye hatari: betri ikiisha katikati ya kuandika, mashini hufa, na kuifufua si kazi ya mwanafunzi. Namna ya pili ni ya muda. Mashini ya mjomba ilikuwa ya namna hii, yenye programu ya msingi namba 6.60. Ukiilaza tu kwa kusukuma swichi kidogo, ikiamka yote yapo kama yalivyokuwa. Lakini ukiizima kabisa inarudi kuwa ya kawaida, na inakubidi uende katika menyu ya michezo ukaendeshe programu ndogo ya kuiamsha tena. Programu hiyo ndogo inakaa katika kadi. Likumbuke neno hili, litarudi.

Kutia mchezo hasa ni kazi nyepesi, shida yake ni mpangilio tu. Unaunganisha mashini na kompyuta kwa waya, unachagua katika menyu ya mashini neno la kuunganisha, na kadi inaonekana katika kompyuta kama kabati lenye folda zake. Humo mna folda iitwayo PSP, na ndani yake mna nyingine iitwayo GAME. Kila mchezo wa kujitengenezea huwa na folda yake yenye jina lake, na ndani ya folda hiyo lazima liwemo faili liitwalo EBOOT.PBP. Folda hiyo nzima ndiyo inayotiwa ndani ya GAME. Jina la faili hilo usilibadilishe hata herufi moja, kwa kuwa mashini haitafuti mchezo kwa jina la mchezo, inatafuta faili hilo tu.

Watu wengi hukwama hapa, nami nilikwama siku mbili. Michezo hii hupatikana ikiwa imefungashwa, na ukiifungua katika kompyuta mara nyingi hutokea folda ndani ya folda yenye jina lile lile. Ukizitia zote mbili, mashini huangalia ya nje, haioni EBOOT.PBP, nayo hupita kama mtu aliyebisha hodi nyumba isiyo na watu. Hutaona mchezo wala hutaambiwa kosa. Toa ile ya ndani, iweke peke yake, na mambo yatakuwa sawa. Ikiwa badala yake unaona maandishi ya kwamba data imeharibika, basi aghlabu faili halikunakiliwa likaisha. Pengine waya ulichomolewa ilhali taa ndogo ya kadi bado inamemeta.

Michezo yenyewe iko ya kila aina. Wazungu huiita kwa neno lile lile walitumialo kwa pombe ya kupikwa nyumbani, na kweli mingine ina ladha ya namna hiyo. Lakini mingine ni mizuri ajabu. Uko mmoja uitwao Cave Story, uliotungwa na Mjapani Daisuke Amaya peke yake, picha, muziki na hadithi, kwa muda wa miaka kama mitano. Aliutoa bure kwa watu wote Desemba 2004, mwezi ule ule PSP ilipoanza kuuzwa, na baadaye watu wengine wakaufanya uweze kuchezwa katika mashini hii. Uko pia Doom wa mwaka 1993, ambao wenyewe, kampuni ya id Software, waliruhusu sehemu ya kwanza igawiwe bure, na mwaka 1997 wakatoa hadharani maandishi ya programu yake.

Iko folda ya pili, iitwayo ISO, ambayo haimo ndani ya PSP bali husimama kando yake. Hiyo ni ya nakala za visahani vya dukani. Mjomba alinipa visahani viwili pamoja na mashini, na kwa kuwa mota ya kuzungusha visahani ilikuwa imechoka na kulia kama kinu, nilivinakili vyote viwili kwa kompyuta nikavitia humo. Ninajua kwamba wako wengi wanaojaza folda hii kwa michezo ambayo hawakuinunua hata siku moja, na wameniomba niwaonyeshe inakopatikana. Sitaonyesha. Huo ni wizi wa kazi ya mtu, na kusema kwamba mchezo haupo dukani hakuufanyi kuwa wako.

Sasa kosa langu. Mchezo mmoja ulikuwa ukionyesha data imeharibika, na rafiki yangu akanishauri niifomati kadi, yaani niifute na kuipanga upya. Nikaenda katika menyu ya matengenezo, nikafika mahali panapouliza kama kweli nataka, nikapeleka alama kwenye "ndiyo". Hapo zikanijia picha za mjomba. Sikuwa nimezinakili popote. Basi nikataka kurudi nyuma.

Mimi nilijifunza kucheza kwa mashini ya rafiki yangu iliyotoka Ulaya. Katika mashini za Ulaya kitufe cha msalaba ndicho cha kukubali, na cha duara ndicho cha kurudi. Katika mashini za Japani ni kinyume: duara ni kukubali, msalaba ni kurudi, hata kama maandishi ya menyu yamewekwa Kiingereza. Nami nilikuwa nimekwisha liona jambo hilo mara nyingi, lakini kidole kilichoshtuka hakikumbuki. Nikabonyeza duara. Kadi ikafutwa kabla sijavuta pumzi.

Picha hazikuwapo. Michezo haikuwapo, wala kumbukumbu za mahali mdogo wangu alipofika katika mchezo wa magari, naye alilia. Kwa wasiwasi wangu nikaizima mashini kabisa. Ilipowaka imekuwa ya kawaida, kwa sababu programu ya kuiamsha nayo ilikuwa katika kadi. Usiku huo sikula. Mama akaniuliza kama naumwa, nikasema naumwa.

Asubuhi nilikwenda kwa mwalimu wetu wa Fizikia, ambaye anakaa jirani nasi. Nikamwamkia, nikamweleza. Aliuliza swali moja tu: "Umeandika kitu humo tangu ilipofutwa?" Nikamjibu hapana. Akasema, "Usiandike." Kisha akanieleza kwamba kufomati kwa haraka namna ile hakusafishi kadi yote. Kunafuta daftari linaloonyesha kila kitu kiko wapi, ilhali vitu vyenyewe vinabaki rafuni mpaka vingine viwekwe juu yake. Alikuwa na programu ya bure iitwayo PhotoRec, ambayo haisomi daftari hata kidogo, bali hupita rafuni kutoka mwanzo hadi mwisho ikitambua picha kwa umbo la mwanzo wake. Kadi ilikuwa ya gigabaiti 4, nasi tukangoja mpaka adhuhuri.

Zikatoka picha 212. Zikatoka pia vijipicha vidogo vya alama za michezo, ambavyo kila kumbukumbu ya mchezo huwa nacho kimoja; lakini kumbukumbu zenyewe hazikutoka, kwa kuwa programu haizitambui. Mdogo wangu alionyeshwa alama ya gari lake asipewe gari. Na picha za mjomba zilirudi bila majina. Zamani kila folda ilikuwa na jina la bandari na mwaka. Sasa zilikuwa rundo moja lenye namba tu.

Nilimwambia mjomba siku ile ile. Hakunipiga wala hakunigombeza, alinyamaza tu, na hilo lilinichoma zaidi. Nikapata wazo. Iko programu ya PSP iitwayo Lua Player, iliyotolewa mwaka 2005, ambayo humwezesha mtu kuandika programu zake kwa lugha ya Lua. Lugha hiyo ilibuniwa Brazili mwaka 1993, na jina lake kwa Kireno maana yake ni mwezi. Ni nyepesi kuliko lugha nyingine nilizowahi kujaribu. Nilinunua kadi mpya, nikajaribu kwanza kuijaza na kuisoma tena (ziko kadi nyingi za uongo), nikatia programu ya kuiamsha mashini, kisha Lua Player katika GAME, na ndani ya folda yake nikaandika programu yangu ya mistari kama arobaini.

Lua Player haipokei picha kubwa zaidi ya nukta 512 kwa 512, kwa hiyo ilinilazimu kuzipunguza nakala zote zilingane na kioo. Programu ilionyesha picha moja na namba yake chini. Ukibonyeza mraba inaandika kwamba ni ya safarini, pembetatu ni ya nyumbani, duara unaiacha kwa baadaye. Msalaba niliuacha usifanye kitu chochote.

Mjomba alikaa barazani jioni tatu na mashini mkononi, mimi pembeni na daftari, akinitajia bandari: Mombasa, Durban, Singapore, Yokohama. Nyingine alizikumbuka kwa rangi ya mnara au kwa jina la mpishi. Duara alilibonyeza mara kumi na moja. Picha ya 88 ilikuwa ya marehemu bibi, amesimama gatini amevaa kanga, amejikinga jua kwa kiganja. Mjomba aliitazama mpaka kioo kikaanza kufifia, maana hufifia chenyewe kisipoguswa. Kisha akabonyeza pembetatu.