Lugha na Vilugha: Undugu wa Lugha za Ulaya

Wako watu katikati yetu, na baadhi yao wamesoma sana, ambao wakitaja maneno ya Ulaya huyaita lugha, na wakitaja maneno ya Afrika huyaita vilugha. Mwitalia, kwa kauli yao, hunena lugha. Mgogo na Mpare hunena kilugha. Wala hawaishii hapo. Huongeza kusema kwamba kule Ulaya kila taifa limejaliwa lugha yake moja tangu mwanzo, ndiyo maana mambo yao yamenyooka, na huku kwetu ndimi ni nyingi mno, ndiyo maana mambo yetu yamepinda. Hatuoni vyema kuliacha neno hili lipite, maana anayelisema hudhani kwamba anasema habari za elimu, kumbe elimu yenyewe inamkanusha.

Na tuanze na hesabu ndogo. Mwitalia akitaka kutaja tatu husema tre, Mhispania tres, Mfaransa trois. Mrusi husema tri, na Mwelisi wa magharibi ya kisiwa cha Britania naye husema tri, ingawa watu hawa wawili wametengwa na nchi nyingi na hawaelewani hata neno la salamu. Mlithuania husema trys, Mswidi tre, Mjerumani drei, Mwingereza three. Na katika Kisanskriti, lugha ya kale ya Bara Hindi, ni trayas. Msomaji ajuaye kwamba Mganda husema ssatu, Mzulu thathu, na sisi tatu, hana haja ya kuelezwa maana ya mfano huu.

Aliyelitangaza jambo hilo hata likasikiwa alikuwa hakimu wa mahakama. William Jones alipelekwa na Waingereza kuamua kesi mjini Calcutta, na katika kujifunza sheria za Wahindi akajifunza na Kisanskriti. Mwaka 1786 alisimama mbele ya chama cha wanazuoni alichokiasisi mwenyewe, akawaambia kwamba Kisanskriti, Kigiriki na Kilatini vinafanana kupita kiasi cha bahati, na kwamba havina budi kuwa vimetoka katika asili moja, ambayo huenda imekwisha toweka. Fikiri jinsi maneno hayo yalivyoingia masikioni mwa watawala: kwamba lugha ya mtawaliwa na lugha ya mtawala ni ndugu.

Lakini kufanana peke yake si ushahidi wa kutosha, kwani maneno huazimwa. Kiswahili kina maneno mengi ya Kiarabu, na kwa hayo hakikuwa mtoto wa Kiarabu. Ushahidi wenyewe ulipatikana Ujerumani. Wasomaji wengi wamepata kusikia hadithi zilizokusanywa na ndugu wawili wa jina la Grimm. Jacob, mkubwa wao, ndiye aliyeieleza vizuri kanuni hii mwaka 1822. Alionyesha kwamba mahali Kilatini kinapotamka p, lugha za ukoo wa Kijerumani hutamka f. Penye t hutamka th. Penye k hutamka h. Penye d hutamka t. Kwa hiyo pater wa Kilatini ni father wa Kiingereza, piscis ni fish, tres ni three, cornu ni horn, decem ni ten. Neno moja laweza kufanana na jingine kwa bahati, lakini maneno makumi kwa makumi yakigeuka kwa kanuni moja, hiyo si bahati tena, ni nasaba. Elimu hii hii ndiyo iliyoletwa Afrika. Mjerumani Wilhelm Bleek, katika kitabu chake cha mwaka 1862, ndiye aliyeupa ukoo wa lugha zetu jina la Bantu. Kipimo kilichotumika kwa Kifaransa na Kirusi ndicho kilichotumika kwa Kizulu na Kiswahili, na katika kipimo hicho hamna mahali palipoandikwa neno kilugha.

Nyumba kubwa za ukoo huo wa Ulaya ni tatu: nyumba ya Kilatini, yenye Kiitalia, Kihispania, Kireno, Kifaransa na Kiromania, nyumba ya Kijerumani, yenye Kiingereza, Kiholanzi na lugha za Skandinavia, na nyumba ya Kislavoni, yenye Kirusi, Kipolandi, Kicheki na wenzao. Kuna nyumba ndogo zaidi, kama ile ya Kiwelisi na Kiairishi, au ya Kilithuania na Kilatvia. Na wako wanaokaa peke yao, kama Kigiriki na Kialbania.

Wapo pia wageni waliomo Ulaya bila kuwa wa ukoo huu. Mfini na Mhungari ni ndugu wao kwa wao, japokuwa wanakaa mbali sana: mkono kwa Kifini ni käsi, kwa Kihungari kéz; damu ni veri na vér. Mbaski, akaaye kwenye milima ya mpaka wa Hispania na Ufaransa, husema hiru kwa tatu, na mpaka leo hakuna aliyemwonyesha ndugu yake. Na mgeni anayetupendeza sisi kuliko wote ni Kimalta. Watu wa kisiwa hicho ni Wakatoliki na huandika kwa herufi za Kilatini, lakini lugha yao ni mtoto wa Kiarabu. Mtu wa Tanga au Lamu akimsikia Mmalta akihesabu atazitambua tarakimu kadha bila mkalimani: sitta, sebgħa, disgħa ndizo sita, saba na tisa zetu. Tangu mwaka 2004 lugha hiyo imo katika lugha rasmi za Umoja wa Ulaya, na lugha hizo rasmi sasa ni 24. Ndiyo Ulaya inayosemwa kuwa haina wingi wa ndimi.

Sasa tuje kwenye jambo lenyewe, yaani nani aliyeamua ipi iitwe lugha na ipi iitwe lahaja.

Kilatini hakikufa siku moja. Watu waliendelea kukinena, kila kizazi kikikigeuza kidogo, hata mwaka 813 maaskofu waliokutana mjini Tours waliamuru mahubiri yatolewe kwa maneno ya watu wa kawaida, kwa sababu waumini hawakuelewa tena Kilatini cha vitabuni. Usiku, ambao kwa Kilatini ulikuwa noctem, ukawa notte, noche, noite, nuit na noapte. Lakini mabadiliko hayo hayakufuata mipaka tuionayo leo katika ramani. Katika zama zile, mtu aliyetembea kijiji kwa kijiji kutoka pwani ya Ureno mpaka kusini ya Italia angesikia usemi ukigeuka kidogo kidogo, na katika sehemu kubwa ya njia hiyo hakuna mahali ambapo wanakijiji wangekosa kuelewana na jirani zao wa kijiji cha pili. Ilikuwa hivyo pia baina ya Kiholanzi na Kijerumani cha nyanda za kaskazini. Mipaka ilikuja baadaye, pamoja na wafalme, matarishi, makarani na walimu.

Italia ilipounganishwa mwaka 1861, mwanachuoni Tullio De Mauro amekadiria kwamba katika kila watu mia hawakufika watatu waliojua kunena Kiitalia. Wengine walinena Kisisili, Kinapoli, Kivenisi na nyinginezo. Usemi wa mji mmoja, Firenze, uliokuwa umepata sifa kwa kalamu ya Dante, ndio uliofanywa lugha ya taifa. Na tangu hapo Kisisili kikaitwa lahaja ya Kiitalia. Hapo pana kosa la nasaba. Kisisili si mtoto wa Kiitalia. Vyote viwili ni watoto wa Kilatini, tumbo moja, ila mmoja alirithishwa kiti na mwingine akaachiwa jembe.

Kwingine mambo yalikwenda kinyume. Norwei ilitawaliwa na Denmark mpaka mwaka 1814, na walioelimika waliandika kama Wadenmark. Ndipo Ivar Aasen, mtoto wa mkulima mdogo, alipoanza mwaka 1842 kutembea mabondeni akikusanya semi za wakulima, na kutokana na hizo akajenga lugha ya kuandikwa. Mwaka 1885 bunge liliipa haki sawa na ile ya mjini, na hata leo Wanorwei wana namna mbili rasmi za kuandika, na taifa lao halikuvunjika. Yugoslavia ni mfano wa kuhuzunisha zaidi. Mwaka 1954 waandishi na wanazuoni walitia sahihi mjini Novi Sad kwamba lugha ya Waserbia, Wakroati na Wamontenegro ni moja. Nchi ilipoanza kuvunjika mwaka 1991, na vita vikafuata, lugha nayo ikavunjika: leo kuna Kiserbia, Kikroati, Kibosnia na Kimontenegro. Wenyewe wakikutana huongea bila mkalimani. Mkate tu huitwa hleb kwa mmoja na kruh kwa mwingine.

Lakini anayetaka kuona jambo hili likitendwa kwa makusudi, aitazame Ufaransa. Mwaka 1794, katikati ya mapinduzi, Padri Henri Grégoire alilisomea bunge taarifa juu ya haja na njia za kuzifuta semi za mikoa na kueneza Kifaransa. Kwa hesabu yake, katika nchi yenye watu zaidi ya milioni 25, waliokinena Kifaransa vizuri hawakuzidi milioni tatu, na wasiokijua kabisa walikuwa milioni sita au zaidi. Grégoire hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtetezi mkubwa wa watu weusi na mpinzani wa utumwa, na alitaka kila mwananchi aifahamu sheria inayomtawala. Kwa hoja hiyo njema ndipo mlango ulipofunguliwa.

Miongoni mwa waliopitishwa mlango huo ni Wabretoni. Lugha yao ilivushwa bahari kutoka Britania yapata karne ya tano na ya sita, na ni ndugu wa karibu wa Kiwelisi. Hata leo mkate kwa Mbretoni na kwa Mwelisi ni neno moja, bara. Shule za lazima zilipoenea baada ya sheria za miaka ya 1881 na 1882, mtoto aliyeteleza akanena Kibretoni uwanjani alitundikwa shingoni kiatu cha mti au kipande cha ubao. Hakuweza kukivua mpaka amsikie mwenzake akiteleza, ndipo amkabidhi. Na wa mwisho jioni ndiye aliyeadhibiwa. Kule Wales, katika karne hiyo ya 19, kulikuwa na kibao cha namna hiyo hiyo. Mwandishi wa maneno haya alisomeshwa na wamisionari, na anaujua uzito wa kibao hicho kwa shingo yake. Zamani alidhani kilibuniwa kwa ajili ya Waafrika. Kumbe Wazungu walikwisha vikana watoto wao wenyewe kwanza, na adha yake kubwa haikuwa kiboko, bali kumfundisha mtoto kumpeleleza rafiki yake, na kumwonea haya mama yake anaponena.

Matokeo yalionekana katika muda wa maisha ya watu watatu: bibi alijua Kibretoni tu, mama akajua zote mbili, mjukuu akajua Kifaransa tu, na bibi na mjukuu wakawa wageni katika nyumba moja. Sheria ya mwaka 1951 iliruhusu Kibretoni, Kibaski, Kikatalani na Kioksitani vifundishwe kidogo shuleni. Mwaka 1977 wazazi walifungua shule za kwanza zinazofundisha masomo kwa Kibretoni, wakaziita Diwan. Mwezi wa Aprili 2021 bunge la Ufaransa lilipitisha sheria iliyoruhusu shule za serikali nazo zifundishe hivyo kwa lugha za mikoa. Tarehe 21 Mei Baraza la Katiba likakifuta kifungu hicho, kwa hoja kwamba katiba, tangu ilipoongezwa maneno mwaka 1992, inasema lugha ya Jamhuri ni Kifaransa. Kabla mwezi huo haujaisha watu walikuwa barabarani wakiandamana, Wabretoni upande wao na Wabaski upande wao.