Gumbo: Sufuria ya Wavuja Jasho wa Louisiana

Katika jimbo la Louisiana, kusini mwa Marekani, kuna mchuzi mzito uitwao gumbo. Huwekwa kuku, soseji ya moshi, kamba na kaa ndani ya sufuria moja, ukaliwa juu ya wali. Ndugu wafanyakazi, twaandika habari zake kwa sababu mbili. Kwanza, mtu mwenye nyama kidogo anaweza kulisha watu kumi kwa mchuzi huu. Pili, waliouanzisha ni watu waliofanya kazi bila kulipwa hata senti moja.

Meli za kwanza za watumwa kutoka Afrika zilifika Louisiana mwaka 1719, wakati nchi hiyo ikishikwa na Wafaransa. Watu hao walijua kulima mpunga, na walijua kupika bamia. Wataalamu wengi husema kuwa jina lenyewe la gumbo limetoka kwa Waafrika, maana huko Angola bamia huitwa kingombo. Msomaji wa Kiswahili hahitaji mwalimu kumwonyesha hiyo ki- ya mbele. Wenyeji wa asili, Wachoctaw, walileta unga wa majani makavu ya mti wa sasafrasi, ambao nao hufanya mchuzi uwe mzito. Wafaransa walileta unga wa ngano uliokaangwa, waitao roux. Bwana mwenye shamba alikula, lakini aliyesimama motoni alikuwa mtumwa.

Sasa tuingie jikoni. Kwa watu kumi tafuta kuku mmoja aliyekatwa vipande, soseji nusu kilo, kamba kilo moja pamoja na maganda yao, kaa wawili watatu kama wapo, bamia nusu kilo, vitunguu maji viwili vikubwa, pilipili hoho mbili, mashina matatu ya seleri, na vitunguu saumu punje sita. Kule soseji ni ya nguruwe. Asiyekula nguruwe atumie ya ng'ombe, chakula hakitaharibika. Menya kamba, lakini usitupe vichwa wala maganda! Yachemshe katika maji lita tatu kwa nusu saa, kisha chuja. Hiyo ndiyo supu yako, na ni ya bure.

Kazi kubwa ni ule unga. Chukua sufuria nzito, tia kikombe kimoja cha mafuta, na yakipata moto tia kikombe kimoja cha unga wa ngano. Koroga kwa mwiko wa mti, kwa moto mdogo, bila kuacha. Dakika kumi za kwanza utadhani hakuna kinachotokea. Halafu unga utaanza kunukia kama karanga, rangi itakuwa ya kaki, kisha ya karanga zilizokaangwa, kisha kahawia kama chokoleti. Hapo zimepita dakika thelathini na tano, pengine arobaini na tano. Ukikimbiza moto utaona vidoa vyeusi. Umeungua huo, na hakuna dawa. Mwaga, anza upya. Tena watoto wakae mbali, kwa sababu unga huu ukirukia ngozi hunata na kuchoma vibaya sana.

Na hapa tuna neno kwa wanaume wa chama. Msisome fungu hili halafu mkampa mama watoto gazeti. Tumekwenda kwenye mikutano mingi ya matawi ambako tulipitisha maazimio juu ya saa za kazi, huku akina mama wamesimama jikoni tangu alfajiri, na hakuna aliyehesabu saa zao. Mtu anayeweza kusimama kwenye mashine saa nane anaweza kushika mwiko dakika arobaini.

Unga ukishakuwa kahawia, tia vitunguu, hoho na seleri zilizokatwa ndogo ndogo. Vitapoza sufuria na kuzuia unga usiungue. Vikilainika tia vitunguu saumu na soseji, halafu mimina ile supu kidogo kidogo huku unakoroga. Tia kuku na pilipili. Chumvi ngoja hadi mwisho, maana soseji ina chumvi yake. Bamia zikaange pembeni kwa mafuta kidogo mpaka ute upungue, ndipo uziunge. Acha vyote vichemke polepole kwa saa moja. Kaa waingie zikibaki dakika ishirini. Kamba waingie mwisho kabisa, dakika tano tu, kwani wakizidi huwa wagumu kama mpira.

Huko Louisiana wengine hutia pia kamba wa maji baridi, wale wekundu wa mabwawani. Hao si wageni kwetu: walitolewa Marekani wakapandikizwa katika maziwa yetu, Naivasha mwaka 1970, na leo wako Bunyonyi pia. Kwao, kazi ya kuwamenya hufanywa mara nyingi na vibarua wa kutoka Meksiko, wenye viza inayowafunga kwa tajiri mmoja. Mwaka 2012, aliyemwacha tajiri, ruhusa yake ya kukaa nayo ilikwisha. Mwezi Juni 2012 wanane kati yao waligoma katika kiwanda kimoja mjini Breaux Bridge. Walieleza kwamba walilazimishwa kufanya kazi hadi saa 24 mfululizo, na kwamba mlango ulikuwa ukifungwa wakiwa ndani. Walikuwa wanane tu, lakini duka kubwa lililonunua mali ya kiwanda hicho lilisimamisha ununuzi. Basi hata kamba aliyekwisha kumenywa ana mikono nyuma yake.

Tena mjini New Orleans kuna hoteli ya chakula iitwayo Dooky Chase, iliyofunguliwa mwaka 1941. Sheria ya wakati ule ilikataza weusi na weupe kula pamoja. Bibi Leah Chase, aliyefariki mwaka 2019 akiwa na miaka 96, aliwapikia gumbo ghorofani watu wa rangi zote waliokuwa wakipanga mapambano ya haki za raia. Walivunja sheria hiyo huku wanakula.

Mkiwa mbali na bahari na kamba hawapatikani, tumieni kuku na soseji peke yake. Huko kwao pia wako wapikao hivyo. Pakua wali kidogo katikati ya bakuli, mchuzi mwingi juu yake. Ukibaki usisikitike, kesho yake huwa mtamu zaidi. Pasha kwa moto mdogo, ili kamba wasikauke.