Siku moja ku Lufira: tuliona kule umeme wetu unatokea

Sisi watu wa mine tunaijua Katanga kwa upande wa ndani. Tunajua rangi ya malakiti, tunajua vumbi, tunajua harufu ya asidi inayobaki mu nguo hata mama akifua mara tatu. Lakini uliza mu cité nani amekwisha kuona maporomoko ya Mwadingusha. Mikono itakayopanda ni kidogo. Na toka Likasi kufika kule hakupiti kilometa 100.

Ni juu ya ile tuliamua, siye wa komite ya sendika, kupanga safari ya siku moja, mwezi wa 3, wakati Lufira imejaa. Haikuwa safari ya wakubwa. Ilikuwa bus moja ndogo na watu 12, bila kuhesabu shofere: wanaume 5 wa kazi, wamama 4, vijana 2 wa sekondari, na papa mmoja wa retraite ambaye alitumika miaka 31 mu usine. Kila mmoja alitoa feza kidogo kidogo kwa miezi 3, kama vile tunafanyaka likelemba. Wamama ndio walishika kasha. Sharti lao lilikuwa moja: hakuna pombe mu bus. Tulikubali, ingawa si wote kwa moyo mweupe.

Mbele ya kuondoka kulikuwa mabishano. Vijana hawakutaka maporomoko, walitaka maji ya moto. Walisikia ku masomo kwamba Katanga iko na chemchemi ambamo maji yanatoka chini yakiwa karibu kuchemka, kule Kiabukwa, upande wa bonde la Upemba. Ni kweli. Lakini kwa siku moja, na njia zetu hizi, hauendi na kurudi. Papa wa retraite akakata maneno: "Bana, tuende kwanza ku Mwadingusha. Ile maji ya moto nitawaelezea tukiwa tunakula. Iko na habari ya mine ndani."

Tuliondoka saa kumi na moja ya asubuhi. Mu masanduku kulikuwa unga wa bukari, sombe, samaki wa kukaanga, na bidon mbili za munkoyo.

Ziwa ambalo halikuwako

Kitu cha kwanza tuliona ni ziwa Tshangalele. Watu wengi wanafikiri Mungu aliliweka pale toka mwanzo. Hapana. Ni maji ya Lufira yaliyozuiwa na baraji ya Mwadingusha, wakati wa Union Minière, na santrali ya umeme ilianza kazi mwaka 1930. Mbele ya ile, pale kulikuwa bonde na majani. Ziwa ni pana lakini halina kina kirefu, kwa hiyo matete yanaota mbali ndani ya maji, na ndege wanapenda sana. Asubuhi ile walikuwa wengi hata vijana waliacha telefone zao na kutazama tu. Mwaka 1982 UNESCO iliandika bonde la Lufira kati ya hifadhi za biosfia za dunia. Kati yetu 12, hakuna aliyejua.

Wavuvi walikuwa wanarudi na mitumbwi. Mama mmoja wa kwetu, ambaye anauzisha samaki ku soko, alishuka kuuliza bei, kisha akauliza jambo lingine: "Hii samaki tunakulaka, iko muzuri?"

Hakuna aliyecheka. Mto Panda unapita Likasi, kando ya usine, na unakuja kumwaga maji yake humu mu ziwa. Watu wa chuo kikuu waliopima tope na samaki za huku walikuta shaba na kobalti ndani. Hatuseme kwamba watu waache kula samaki. Familia nyingi hazina nyama nyingine. Tunasema kwamba yule anayekula ana haki ya kujua, na kwamba kupima lazima kufanywe mara kwa mara na matokeo yasomwe mbele ya watu, ku soko na ku kanisa, si kubaki mu biro. Mvuvi mmoja alitujibu kwa sauti ya chini: "Banakujaka kuchota maji mu chupa, banaenda. Hatujuake walikuta nini." Tuliandika neno lake mu kaye ya sendika.

Maporomoko

Kufika Mwadingusha tulikuta walinzi. Hapa tuseme wazi kwa wale wanaotaka kwenda: pale ni mahali pa santrali, haiingiwi ovyo. Sisi tuliandika barua wiki 2 mbele, na majina ya watu wote, na ndiyo ilitufungulia njia. Walituonyesha mahali pa kusimama na mahali pa kukatazwa.

Maporomoko haya, wazungu waliyaitaka chutes Cornet, kwa jina la Jules Cornet, mjuzi wa mawe aliyepita Katanga mwaka 1892 na kuandika habari ya shaba ya huku. Shaba yenyewe wazee wetu walikuwa wanaiyeyusha zamani mbele yake, tusisahau ile. Maji yanaanguka toka juu kwa zaidi ya metre 100. Sehemu kubwa inaingia mu mabomba, inashuka kwa nguvu na kuzungusha turbini. Wakati wa kiangazi, maporomoko yanakonda, juu maji yanapewa mashini kwanza. Mu mwezi wa 3, baraji ikiwa imejaa, ile inayobaki inamwagika juu ya mawe, na moshi wa maji unakufikia mbali na kulowesha shati.

Kule chini kuna turbini 6. Zilikuwa zimechoka sana. Kazi ya kuzitengeneza upya ilimalizika mwaka 2021, na leo zote pamoja zinaweza kutoa megawati 78.

Papa wa retraite alisimama pale bila kusema kwa muda mrefu. Yeye alitumika mu sale ya elektrolizi. Wale wasioijua: pale shaba iko imeyeyuka mu maji ya asidi, na umeme ndio unaivuta hata inashika ku bamba, tabaka juu ya tabaka. Umeme ukikatika, kazi yote inasimama. Miaka 31 alikuwa anasikia tu, "Leo Mwadingusha iko chini," ao "Mwadingusha imerudi," kama vile habari ya muntu mugonjwa. Mwisho akasema: "Nilitumikaka naye maisha yote. Leo njo namuona sura."

Kisha akakohoa, na kijana mmoja akamshika mkono kushuka. Kifua chake hakiko vizuri, na sote tunajua kwa nini. Huku kwetu hakuna aliyekosa mtu wa namna ile nyumbani.

Mama mwingine, mjane wa mwenzetu, alienda kunawa uso mahali maji yanatulia. Alituambia mumewe alikufa akiwa na congé ya miaka 2 ambayo hakuichukua. Kila mara mukubwa wa kazi alimwambia: "Ngojea kidogo, kazi ni mingi." Na yeye alimwambia muke wake: "Siku moja tutaenda kuona Lufira." Hakulia. Alijaza chupa moja ya maji na kuifunga mu kitambaa.

Waya juu, giza chini

Tukirudi ku bus, tulipita chini ya waya kubwa za umeme. Kando kulikuwa nyumba za majani na za matofali, na wamama wanatwanga. Mtoto mmoja alikuwa anauzisha ndizi. Kijana wetu akamuuliza kama kwao kuna taa. Akainua kidole juu: "Courant inapitaka hapa juu. Haishukake."

Maneno haya tulirudi nayo kwa majadiliano mpaka ku chakula. Mmoja kati yetu alisema hata siye mu cité tunakaa siku nyingi mu giza, kwa hiyo tusijifanye wenye huruma. Mwingine akajibu kwamba ni sababu moja zaidi ya kusema pamoja: mutu wa kijiji na mutu wa mine wanapita chini ya waya ile ile. Hatukumaliza mabishano, lakini siku ile hakuna aliyelala mu bus.

Maji ya moto ya Kiabukwa

Tukiwa tunakula, vijana walimkumbusha papa ahadi yake. Akaweka bukari chini, akaanza.

Wale waliokwisha kushuka mu mine ya chini kama Kipushi wanajua: kadiri unashuka, joto linapanda. Kila kilometa moja ya kwenda chini inaongeza kama degre 25 mpaka 30. Sasa chukua mahali ardhi imepasuka kwa kina, kama vile bonde la Upemba, ambalo ni mupasuko mkubwa wa ardhi. Maji ya mvua yanaingia mu nyufa, yanashuka mbali sana, yanachukua joto la mawe, kisha yanapata njia ingine ya kupanda haraka kabla ya kupoa. Hauna lazima ya volkano kama ya Goma. Ufa mrefu na mawe ya moto vinatosha.

Kule Kiabukwa maji yanatoka na degre 91, litre kama 40 kila segonde. Na mwanzo wa miaka ya 1950, walijenga pale santrali ndogo ya umeme ya joto la ardhi, kilowati 200 hivi, kwa kazi ya mine. Ilikuwa ya kwanza mu Afrika nzima. Kisha kazi ya mine ikaisha, na santrali ikaachwa. Ukilinganisha, Mwadingusha ya leo inaweza kutoa mara 390 ya ile. Lakini kilowati 200 kwa kijiji, kwa maternité, kwa mashini ya kusaga unga, si kitu kidogo. Kenya ilianza mwaka 1981 kule Olkaria, na leo karibu nusu ya umeme wake inatoka mu joto la ardhi. Sisi tulitangulia miaka karibu 30, tukaacha.

Kijana mmoja akauliza: "Basi papa, kwa nini waliacha?" Papa akajibu: "Juu courant ilikuwa ya mine, haikuwa ya batu. Mine ikienda, anabeba na taa yake."

Ndiyo somo la siku ile, na mtoto wa ndizi alikuwa amekwisha kutupa nusu yake.

Tena papa aliwaonya vijana, na tunaandika hapa kwa faida ya wote. Maji ya degre 91 yanachubua ngozi mara moja. Usiweke mguu kujaribu. Mtoto ashikwe mkono. Mtu anaoga tu mahali pa chini, kule maji yamekwisha kuchanganyika na baridi, na kule wenyeji wanaogea. Upande wa Kivu kuna tena gazi inayotoka ardhini, wanaiita mazuku, inakaa mu mashimo na kuua bila harufu. Uliza wenyeji mbele.

Kurudi, na neno kwa wenzetu

Mvua ilitukuta njiani. Bus ikashikwa mu matope, na watu 11 tulisukuma. Papa tulimwacha ndani ashike chupa ya mama. Tulifika Likasi saa mbili ya usiku, wachafu kama watu waliotoka ku kazi, lakini tukiimba.

Sasa tuseme neno la sendika. Sheria ya kazi ya mwaka 2002 inampa mtu mzima congé isiyopungua siku 1 ya kazi kwa kila mwezi mzima aliotumika, na siku zinaongezeka kwa kila miaka 5 na mwajiri yule yule. Si zawadi ya mukubwa. Wengi kati yetu tunaiacha ipite, ao tunaitumia kutafuta feza ingine mu karière. Tunaelewa, nyumba inakula kila siku. Lakini mwili haujui habari ya feza, na mjane wa mwenzetu anarudi na chupa ya maji pahali pa mumewe.

Kwa hiyo tunaomba mambo 3. Moja: kila mfanyakazi aandike tarehe ya congé yake, apeleke kopi kwa delege wa sendika, na mukubwa akisema "ngojea", aseme kwa maandishi. Mbili: mu mazungumzo ya mkataba wa pamoja, tuweke usafiri wa siku moja kwa mwaka kwa mfanyakazi na familia yake, bus za kazi zinalala bure siku ya kwanza. Tatu: vipimo vya maji ya Panda na samaki wa Tshangalele visomwe mbele ya wavuvi na wanunuzi.

Na wale wanaotaka kwenda wenyewe: muwe kidogo, watu 12 ao 15, juu kundi kubwa halisikilizi. Andikeni barua ya ruhusa mapema. Ondokeni mbele ya jua. Chukueni maji ya kunywa, viatu vya matope, na pombe iache nyumbani. Nunueni chakula kidogo mu vijiji mnavyopita, ndizi hata moja. Na muchukue mzee mmoja wa retraite. Msimlipishe. Atalipa na habari.

Kiabukwa tunaipanga kwa mwezi wa 7, mu kiangazi, kwa siku 3. Likelemba imekwisha kuanza. Papa alitoa wa kwanza.