Betty na Zorg: Mapenzi Yalipogeuka Maradhi

Wahenga walisema mapenzi ni kikohozi, hayawezi kufichika. Lakini kikohozi chaweza pia kuwa dalili ya ugonjwa mkubwa, na asiyekipima mapema hujuta. Jambo hilo linaonekana wazi katika filamu ya Kifaransa iitwayo 37°2 le matin, ijulikanayo pia kwa jina la Betty Blue. Iliongozwa na Jean-Jacques Beineix mwaka 1986, kutokana na riwaya ya Philippe Djian. Nambari hiyo yahusu joto la mwili wa mwanamke mjamzito wakati wa asubuhi.

Zorg ni kibarua anayetengeneza nyumba za mbao ufukweni mwa Ufaransa ya kusini. Betty, binti mwenye uzuri na hasira, anahamia kwake. Siku moja anagundua madaftari ya hadithi aliyoiandika Zorg kwa siri. Anaipiga chapa yote na kuwapelekea wachapishaji, akiamini kuwa mpenzi wake ni mwandishi mkubwa. Barua za kukataliwa zinapofika, Zorg anazificha. Hasira za Betty zinazidi: anachoma nyumba, anamchoma mteja kwa uma, na hatimaye, baada ya kuambiwa kuwa hana mimba aliyoitarajia, anajing'oa jicho.

Filamu iliyoonyeshwa mwaka 1986 ilikuwa ya dakika 120. Watu wengi waliizungumzia kwa sababu ya uchi uliomo, nao unaanza tangu picha za kwanza. Mwaka 1991 Beineix alitoa toleo lake kamili, lenye dakika 185. Mtu angedhani kuwa nyongeza hiyo ni ya kuongeza aibu tu. Sivyo. Muda huo unampa mtazamaji nafasi ya kumjua Betty, na kuona jinsi akili yake inavyoteleza hatua kwa hatua. Katika toleo fupi wazimu wake huonekana kama radi ya ghafla. Katika toleo refu twaziona dalili zikipita mbele ya macho ya Zorg, naye akizichukulia kuwa ni moto wa mapenzi.

Mwisho wake ni mzito. Betty amelazwa hospitali, amefungwa kitandani, hamtambui mtu. Zorg anamziba pumzi kwa mto hadi afe. Filamu inamtazama kwa huruma. Hata hivyo, askari polisi yeyote asomaye ukurasa huu atalitambua tendo hilo kwa jina lake katika sheria: ni kuua. Huruma iliyohitajika ilikuwa ile ya mapema, ya kumpeleka mgonjwa kwa daktari siku alipoanza kujiumiza na kuumiza wengine.

Filamu hii si ya watoto, wala si ya kutazamwa sebuleni mbele ya wakwe. Lakini mume na mke watu wazima wanaweza kujifunza kitu. Ndugu msomaji, ikiwa mwenzako halali, anavunja vyombo, analia bila sababu au anataka kujidhuru, usiseme ni wivu, wala usiseme ni mapenzi mengi. Ondoa silaha na visu karibu naye, waite wazee mnaowaamini, kisha mfikishe hospitali. Ugonjwa wa akili ni ugonjwa kama mwingine, nao hutibiwa.