Kahawa: Mti wa Afrika, Jina la Uarabuni

Huko Omani mgeni aingiapo nyumbani hukaribishwa kwa tende na kikombe kidogo cha kahawa yenye iliki. Jina la kahawa limetoka kwa Waarabu, lakini mti wenyewe ni wa Afrika. Mbuni wa arabika asili yake ni Uhabeshi. Wayemeni wakaulima, wakauza buni zake katika bandari ya Mocha. Nchini Kenya ulipandwa Bura, Taita, mwaka 1893, ila Waafrika walizuiliwa kuulima hata miaka ya 1930. Leo wakulima wa Kimilili, jirani ya Naitiri, wana mibuni yao wenyewe. Basi yafaa kuchuma tunda jekundu tu, na kulifikisha kiwandani siku ile ile. Tunda bichi huharibu ladha, na ladha ndiyo bei.