Kamba wa ndimu na kotimiri: Mlo wa dakika 20, ila ndimu isikudanganye

SAA 12 jioni ni saa ngumu katika nyumba nyingi za mijini. Mzazi ndiyo kwanza anashuka kwenye daladala, watoto wameshavua sare za shule na wanauliza kuna nini cha kula, na kibanda cha chipsi kiko hatua chache tu kutoka nyumbani. Siku nyingi chipsi mayai hushinda. Si kwamba mzazi hajui umuhimu wa lishe bora, amechoka tu.

Kwa familia za pwani, kuanzia Tanga na Bagamoyo hadi Dar es Salaam, Unguja na Mtwara, bahari inatoa nafuu. Kamba, ngisi na minofu ya samaki huiva haraka kuliko nyama ya ng'ombe, maharage na hata kuku wa kienyeji. Ukiwa na ndimu mbili, kitunguu saumu na fungu la kotimiri, ambayo wengine huiita giligilani, chakula kinafika mezani ndani ya dakika 20, mradi wali umeshabandikwa.

Lakini chakula kinachoiva haraka hakitoi nafasi ya kurekebisha makosa. Kosa linalojirudia katika majiko mengi ni kuipa ndimu kazi isiyo yake.

Ndimu inafanya nini hasa?

Pwani nzima, samaki akifika nyumbani hupakwa ndimu na chumvi kabla ya kitu kingine chochote. Ni desturi nzuri. Shombo ya samaki hutokana kwa sehemu kubwa na kemikali iitwayo trimethilamini, ambayo huongezeka kadiri samaki anavyokaa. Asidi ya ndimu huikamata kemikali hiyo na kuizuia isipae hewani, ndiyo maana harufu hupungua mara tu ndimu inapokamuliwa.

Hapo ndipo penye mtego. Harufu imepungua, lakini samaki ni yuleyule. Kama alishaanza kuharibika, bado ameharibika. Tofauti ni kwamba pua haiwezi tena kukuonya.

Ndimu ina ujanja wa pili. Ukiacha kamba au minofu ndani ya maji ya ndimu kwa muda, nyama hubadilika rangi, huwa nyeupe na kukaza, mfano wa iliyopita motoni. Asidi imebadilisha umbo la protini, jambo ambalo joto pia hulifanya. Ila asidi hiyo haiui bakteria na minyoo wote kama moto unavyofanya. Katika nchi kama Peru, samaki mbichi wa ndimu ni chakula cha kila siku, na mlipuko wa kipindupindu ulipoikumba nchi hiyo mwaka 1991, samaki mbichi walikuwa miongoni mwa vyakula ambavyo wananchi walionywa kujihadhari navyo.

Moto una kazi yake, barafu ina yake

Moto ndio unaoua vijidudu. Kamba akiiva hugeuka kutoka rangi ya kijivu inayopitisha mwanga na kuwa wa waridi, nyama yake ikiwa nyeupe hadi katikati. Samaki aliyeiva nyama yake huachana kwa urahisi ukiigusa kwa uma.

Hata hivyo, kuna madhara ambayo moto hauwezi kuyafuta. Jodari, vibua na nguru wakikaa muda mrefu bila barafu, bakteria hutengeneza ndani ya nyama yao kemikali iitwayo histamini. Kemikali hiyo haiondoki kwa kukaanga, kuchemsha wala kugandisha, na ndimu haiigusi. Aliyeila huweza kuwashwa mdomo, kuwa mwekundu usoni, kuumwa kichwa, kwenda mbio mapigo ya moyo au kuharisha, mara nyingi ndani ya saa moja. Wengi hudhani ni mzio, kumbe samaki alicheleweshwa kwenye joto.

Kinachozuia histamini ni baridi, tangu samaki anapotolewa majini hadi anapoingia jikoni.

Wapo pia viumbe wa baharini wenye sumu yao wenyewe. Bunju ni mmojawapo, na kumpika hakuondoi sumu hiyo. Nyama ya kasa nayo imeua. Machi 2024, watoto wanane na mtu mzima mmoja walifariki dunia katika Kisiwa Panza, Pemba, baada ya kula nyama ya kasa. Hakuna kiungo wala ustadi wa mpishi unaogeuza viumbe hawa kuwa salama.

Sokoni: Nusa kabla ya kukamua

Katika Soko la Feri jijini Dar es Salaam, shughuli huanza alfajiri. Samaki anayepitishwa mtaani kwenye beseni saa 11 jioni anaweza kuwa ametoka majini siku nzima iliyopita, na kama hana barafu, jua la Dar limeshamfanyia kazi yake.

Mzazi anayefanya kazi siku za wiki anaweza kwenda sokoni Jumamosi asubuhi na chombo chenye barafu. Nyumbani, kamba wasafishwe, wagawanywe katika mifuko ya mlo mmoja mmoja na kugandishwa siku hiyohiyo. Siku ya kupika, mfuko mmoja ushushwe asubuhi kutoka kwenye friza hadi kwenye friji. Ukisahau, ufunge vizuri mfuko huo na uuzamishe kwenye maji baridi, kamba wapikwe mara wanapoyeyuka. Usiwaache kwenye meza ya jikoni kutwa nzima.

Umeme ukikatika, usifungue friza kila mara kuchungulia. Friza iliyojaa na isiyofunguliwa hutunza baridi kwa takriban saa 48, iliyojaa nusu kwa takriban saa 24. Friji ya kawaida huhimili kama saa nne tu. Nyumba isiyo na friji inunue kiasi cha mlo mmoja, kiwekwe kwenye barafu na kupikwa siku hiyohiyo.

Kabla ya kulipa, angalia mambo haya:

- Samaki mzima awe na macho angavu yaliyotuna, na matamvua yake yawe mekundu, si ya kahawia.
- Ukimbonyeza, nyama irudi mahali pake, kidole kisiache shimo.
- Kamba awe mkavu kiasi na mgumu, kichwa kikiwa kimeshikamana na mwili.
- Harufu iwe ya bahari. Kamba anayenuka kama mkojo au dawa ya kusafishia choo aachwe palepale, hata kama bei imeshuka.

Ukaguzi huu ufanyike kabla ya ndimu kutoka mfukoni. Muuzaji akiwa tayari ameshawapaka samaki wake ndimu, ni busara kwenda meza inayofuata.

Mahitaji kwa watu wanne hadi watano

- Kamba nusu kilo waliomenywa. Ukinunua wenye vichwa na maganda, chukua karibu kilo moja.
- Punje nne za kitunguu saumu na kipande kidogo cha tangawizi
- Ndimu mbili
- Fungu moja la kotimiri na majani machache ya nanaa
- Mafuta ya kula vijiko vitatu vya chakula
- Pilipili mbuzi moja, ukipenda
- Chumvi kidogo

Namna ya kupika

Anza na majani. Kotimiri na nanaa huingia mwisho bila kupikwa, na baadhi ya mboga za mijini hulimwa mabondeni kwa maji yasiyo safi. Kwa hiyo tenganisha majani, uyaoshe kwa maji safi na salama zaidi ya mara moja, uyakung'ute, kisha uyakate na kuyaweka pembeni. Ukiyakata kabla ya kugusa kamba, kibao na kisu kimoja vinatosha. Ukianza na kamba, vioshe kwa sabuni kwanza.

Menya kamba, pasua mgongo kidogo na utoe ule uzi mweusi, ambao ni utumbo. Waoshe haraka, kisha uwakaushe kwa kitambaa safi. Kamba wenye maji hawakaangiki, hutokota na kuwa kama mpira.

Wapake chumvi na maji ya nusu ndimu, dakika 10 tu. Ukiwaacha nusu saa, nyama hukaza kabla haijafika jikoni. Maji yatakayobaki kwenye bakuli yamwagwe, yasirudishwe kwenye chakula kilichoiva.

Pasha mafuta kwenye kikaango kipana, utie kitunguu saumu na tangawizi kwa nusu dakika bila kuviacha viungue. Panga kamba kwa safu moja. Kama kikaango ni kidogo, kaanga kwa awamu mbili. Wape dakika mbili upande mmoja, wageuze, dakika mbili tena. Kamba wakubwa watahitaji zaidi kidogo. Aliyejikunja nusu duara ameiva. Aliyejiviringa kabisa amepitiliza.

Epua. Kamulia ndimu iliyobaki, mwagia kotimiri na nanaa, changanya. Toa kwanza sehemu ya watoto, kisha ndiyo ukatie pilipili mbuzi kwa wakubwa. Mlo huu hulika kwa wali mweupe, chapati, ugali au muhogo wa kuchemsha, na mboga ya majani pembeni.

Kwa nini ndimu iingie mwisho

Vitamini C huharibika kwa joto. Ndimu na kotimiri zikichemka pamoja na mchuzi, sehemu ya faida yake hupotea. Zikiingia baada ya kuepua, hubaki na ladha yake na vitamini zake.

Faida hiyo si ndogo. Vitamini C huusaidia mwili kufyonza madini ya chuma yaliyomo kwenye mchicha, matembele na maharage, ambayo peke yake hufyonzwa kwa shida. Samaki na kamba nao husaidia kazi hiyohiyo. Utafiti wa kitaifa wa afya ya uzazi na mtoto na viashiria vya malaria wa mwaka 2015-16 ulionyesha kuwa asilimia 58 ya watoto wa Tanzania wenye umri wa miezi 6 hadi 59 walikuwa na upungufu wa damu. Sababu zake ni nyingi, malaria na minyoo zikiwamo, lakini upungufu wa madini ya chuma ni mojawapo, na mzazi anaweza kuanza kuushughulikia kwenye sahani.

Kamba wenyewe wana takriban gramu 20 za protini katika kila gramu 100 za nyama mbichi, pamoja na zinki, madini joto na vitamini B12.

Mtoto anayeonja kwa mara ya kwanza

Kamba ni miongoni mwa vyakula vinavyosababisha mzio mara kwa mara, na kuwapika sana hakuondoi tatizo. Mtoto ambaye hajawahi kuwala aanze na kipande kidogo, mchana, mzazi akiwepo, siku ambayo hakuna chakula kingine kipya. Mwenye pumu au historia ya mzio, mzazi azungumze kwanza na mtoa huduma za afya.

Vipele, kuwashwa au kutapika ni dalili za kusitisha. Midomo au ulimi ukivimba, mtoto akihema kwa shida au akilegea, apelekwe hospitali mara moja. Asipewe maziwa wala dawa ya kienyeji kwa kusubiri hali itulie.

Mtoto aliyetimiza miezi sita na kuendelea anaweza kula samaki aliyeiva vizuri na kupondwa, bila miiba. Wa chini ya mwaka mmoja, sehemu yake itolewe kabla ya chumvi. Kwa mama mjamzito, samaki wadogo ni bora kuliko papa na nduaro, kwani samaki wakubwa wanaokula wenzao hukusanya zebaki zaidi mwilini.

Mfuko ukibana

Bei ya kamba si ya kila siku. Njia hiihii inafaa kwa ngisi waliokatwa pete, dakika mbili hadi tatu tu motoni. Vibua wabichi waliopasuliwa nao wanafaa, na kwa familia za Kanda ya Ziwa, minofu ya sangara au sato. Kotimiri ikikosekana, mrehani au majani ya vitunguu yanatosha.

Kinachobaki kisilale juu ya meza. Shirika la Afya Duniani linashauri chakula kilichopikwa kisikae nje zaidi ya saa mbili. Kiingie kwenye friji, na kesho yake kipashwe hadi kifuke moshi. Kikilala nje usiku kucha, kitupwe, hata kama kikikamuliwa ndimu kinanukia vizuri.